Uzi: Kwa nini filamu bubu za mwanzo za India zilirudia visakale badala ya kutunga visa vipya?

#1 · Mwalimu_wa_Ngamiani
Wakuu, heshima zenu. Nina swali lililonikalia moyoni tangu wiki iliyopita, nilipotazama vipande vilivyobaki vya Raja Harishchandra, filamu ya Dhundiraj Govind Phalke iliyoanza kuonyeshwa kwa umma tarehe 3 Mei 1913 katika ukumbi wa Coronation mjini Bombay. Kwa asiyekijua kisa, Harishchandra ni mfalme asiyesema uongo. Anamtolea mtawa Vishwamitra ufalme wake wote ili asivunje ahadi, kisha anamuuza mkewe Taramati na mwanawe, na yeye mwenyewe anaishia kuwa mtumwa wa mahali pa kuchomea maiti huko Kashi. Mtoto anaumwa na nyoka, mama anamleta amembeba mikononi, na baba anawajibika kumdai ada ya kuchoma maiti ya mwana wao.

Ninachouliza ni hiki: mtu amepata chombo kipya kabisa ambacho wenzake hawajawahi kukishika, kwa nini akitumie kusimulia kisa ambacho kila bibi kijijini anakijua? Na hakuishia hapo. Zilifuata Mohini Bhasmasur mwaka huohuo, Satyavan Savitri mwaka 1914, Lanka Dahan 1917, Shri Krishna Janma 1918 na Kaliya Mardan 1919, na zote ni za miungu na wafalme wa kale.

Dai langu ni kwamba ukimya ndio uliomlazimisha. Filamu isiyo na sauti, ikionyeshwa kwa watu ambao wengi wao hawasomi, haiwezi kueleza mambo mapya yenye mafundo mengi, kwa hiyo fanani alihitaji hadhira inayokijua kisa tayari. Sisi wenyewe, anayesimulia habari za Fumo Liyongo hafichi chochote. Kila aliyekaa mkekani anajua kwamba mwana atamgeuka baba na sindano ya shaba itaingia kitovuni, na bado hakuna anayeinuka. Karibuni.

#2 · Bint_Hamisi
Asante kwa mada, Mwalimu. Nakubaliana nawe, ila nauliza: je, filamu hizo hazikuwa na maandishi katikati ya picha?

#3 · Mkereketwa_wa_Zamani
Dada Bint Hamisi ameuliza jambo la msingi. Maandishi yalikuwapo, kwa Kihindi na kwa Kiingereza, na ukumbini aliyejua kusoma aliwasomea wenzake kwa sauti. Tena palikuwa na kinanda cha harmoniamu na tabla, kwa hiyo tusidhani watu walikaa gizani kimya kama wako msibani. Ukimya, Mwalimu, hautoshi kuwa sababu. Wafaransa na Wamarekani nao walikuwa na filamu bubu miaka hiyohiyo, na walitunga vichekesho na visa vya wezi ambavyo hakuna aliyevijua kabla, na watu wakavielewa.

Mimi nashika maneno ya Phalke mwenyewe. Katika makala alizoandika mwaka 1917 kwenye jarida la Navyug alieleza kwamba alikwenda kutazama filamu ya maisha ya Yesu, na Yesu alipokuwa akipita mbele ya macho yake, moyoni yeye alikuwa anamwona Krishna, anamwona Rama, miungu ya Kihindu, anauona Ayodhya, mji wa Rama. Akajiuliza kama watoto wa India watakuja siku moja kuona sura zao wenyewe juu ya kitambaa kile. Alirudi kuitazama tena na mkewe. Baada ya hapo aliweka rehani bima yake ya maisha, akasafiri kwenda London mwaka 1912, akanunua kamera ya Williamson, akarudi. Mtu wa namna hii hakukimbilia kisakale kwa sababu ya uhaba wa sauti. Alitaka kujibu picha kwa picha, na dini kwa dini.

#4 · Mchapaji_wa_Mombasa
Salaam. Nimefanya kazi ya uchapaji miaka ishirini na mitatu, na naona wote wawili mmeruka hatua moja.

Phalke hakuanzia kwenye kamera. Alisoma sanaa katika chuo cha J. J. mjini Bombay na baadaye Kala Bhavan huko Baroda, akawa mpiga picha, kisha akaingia katika uchapaji na kufanya kazi kwa ajili ya kiwanda cha Raja Ravi Varma. Huyo Ravi Varma ndiye mchoraji aliyeanzisha kiwanda cha kuchapa picha za rangi mwaka 1894, na kutoka pale miungu ilitoka hekaluni ikaingia majumbani. Maskini asiyeruhusiwa hata kukaribia mlango wa hekalu aliweza kununua Lakshmi wake, mungu wa kike wa utajiri, kwa senti chache akambandika ukutani.

Nilipokuwa mdogo, duka la Mhindi tulilotumwa sukari lilikuwa na kalenda yenye picha ya Lakshmi amesimama juu ya yungiyungi, sarafu zikimdondoka kiganjani. Kwa miaka yote niliyopita pale, mwaka ulibadilika na kalenda ikabadilika, lakini Lakshmi alikuwa yuleyule, mkono uleule, mkunjo uleule wa sari. Baadaye nilipotazama mwanzo wa Raja Harishchandra, mfalme amesimama na mkewe akimfundisha mwanawe kulenga upinde, nilitambua mara moja mpangilio ule: watu wamepangwa kama katika picha ya kubandika, wanatukabili sisi. Kwa hiyo jibu langu ni kwamba watu walikuwa wameshaona miungu hii ikiwa imetulia kwenye karatasi, na Phalke akawaonyesha ikitembea. Visakale vilikuja pamoja na ufundi wa mchapaji.

#5 · Fundi_Cherehani_Mwanza
Nafurahi kuona kila mtu anavutia kwake: Mwalimu anaona fasihi simulizi, Mchapaji anaona wino. Basi nami niruhusuni niulize la nguo. Nimesikia kwamba malkia Taramati aliigizwa na mwanamume. Ni kweli, au ni maneno ya vijiweni?

#6 · Mama_Swaumu
Ni kweli tupu, mwanangu Fundi. Jina lake Anna Salunke, na alikuwa mpishi katika hoteli ya chakula. Phalke alitafuta wanawake kila mahali, hata wale wanaouza miili yao walikataa, kwa sababu kuonekana kwenye filamu kulihesabiwa kuwa aibu kubwa kuliko hiyo kazi yao. Akiwa anakunywa chai akaiona mikono ya Salunke, myembamba, akamwahidi mshahara wa rupia 15 badala ya 10 alizokuwa akilipwa jikoni. Palikuwa na tatizo jingine pia: wanaume waliopewa nafasi za wanawake hawakutaka kunyoa masharubu, maana kwa desturi yao mtu hunyoa masharubu anapofiwa na baba, na baba zao walikuwa hai. Ilibidi wabembelezwe. Ndiyo maana katika kile kipande cha malkia akioga bwawani na wajakazi wake, wote wale waliolowa sari ni wanaume.

Lakini kuna mtu mnayempita kama hayupo, nami sipendi. Mke wa Phalke, Saraswatibai, alitoa mapambo yake ya dhahabu ili kazi ipate fedha. Aliwapikia waigizaji na mafundi wote waliokaa nyumbani kwao Dadar, mtaa wa Bombay. Filamu ilikuja ikiwa haijatobolewa matundu ya pembeni, na yeye ndiye aliyekaa gizani usiku kuitoboa. Mchana alisimama juani ameshika shuka jeupe ili mwanga uwarudie waigizaji usoni. Mwanawe Bhalchandra ndiye aliyeigiza yule mtoto aliyeumwa na nyoka. Fikirini mama anayepika, anayetoboa filamu, anayeshika shuka, na mbele yake mtoto wake amelazwa kama maiti. Mkitafuta kwa nini filamu ile ilikuwa juu ya mke anayeuzwa pamoja na mwana ili ahadi ya mume itimie, anzeni kuitafuta ndani ya nyumba ile.

#7 · Fundi_Cherehani_Mwanza
Mama, ahsante sana. Hilo la shuka jeupe sitalisahau.

#8 · Bint_Hamisi
Naongezea kwa Mama Swaumu kwamba mwaka huohuo wa 1913 ukuta ulivunjika. Katika Mohini Bhasmasur waliigiza mama na binti, Durgabai Kamat na Kamlabai Gokhale, wote wakitoka kwenye michezo ya jukwaani. Salunke naye aliendelea, na katika Lanka Dahan aliigiza Rama na pia Sita, mume na mke ndani ya mwili mmoja.

#9 · Kalamu_ya_Kisutu
Naomba kurekebisha jambo kabla uzi haujaenda mbali. Mnazungumza kana kwamba mambo yote yalianza na Phalke. Tarehe 18 Mei 1912, karibu mwaka mzima kabla, katika ukumbi uleule wa Coronation, ilionyeshwa Shree Pundalik ya Dadasaheb Torne, nayo pia ni habari ya mtakatifu wa jadi, Pundalik anayehusishwa na mungu Vithoba wa mji wa Pandharpur. Kama swali ni kwa nini visakale, basi anayepaswa kuulizwa kwanza ni Torne.

#10 · Mkereketwa_wa_Zamani
Ndugu Kalamu, hilo linajulikana, lakini Pundalik ulikuwa mchezo wa jukwaani uliopigwa picha kama ulivyo, mpiga picha alikuwa Mwingereza, na filamu ilisafishwa London. Ndiyo maana wengi wanampa Phalke nafasi ya kwanza.

#11 · Kalamu_ya_Kisutu
Na kamera ya Phalke ilitoka wapi, kama si London? Ukimnyima Torne haki kwa sababu ya mpiga picha wake, itabidi uulize pia kila kifaa cha Phalke kilitoka kwa nani. Hata hivyo, hoja yako imenisaidia bila wewe kukusudia, kwa kuwa ukikubali kwamba Pundalik ulikuwa mchezo wa jukwaani, umekubali kwamba visakale vilikuwa tayari jukwaani. Makundi ya michezo ya Kimarathi, Kigujarati na ya Waparsi yalikuwa na mavazi, mataji, ndevu za bandia na waigizaji wanaojua kila mwendo wa Harishchandra. Gandhi anaeleza katika habari za maisha yake kwamba utotoni aliuona mchezo wa Harishchandra ukamwandama, akawa anajiuliza kwa nini watu wote wasiwe wakweli kama mfalme yule. J. F. Madan wa Calcutta, ambaye mwaka 1917 alitoa Harishchandra yake, alikuwa mfanyabiashara wa michezo kabla ya sinema. Palikuwa na ghala limejaa, na mwenye kamera akafungua mlango.

#12 · Wakili_Mstaafu
Nimesoma michango yote kwa utulivu, na nasikitika kwamba hakuna aliyegusa serikali ya kikoloni. Mwaka 1907 Khadilkar aliandika mchezo wa Kimarathi kuhusu kuuawa kwa Kichaka, mtu mwovu wa Mahabharata, utenzi mkubwa wa kale wa India, anayemwandama mke wa watu. Watazamaji walimtambua Kichaka kuwa ni Lord Curzon, Mwingereza aliyekuwa mtawala mkuu wa India, na mwaka 1910 mchezo ukapigwa marufuku. Tazameni sasa sinema: Baburao Painter wa Kolhapur alipotoa Sairandhri mwaka 1920, kisa ni hichohicho cha Kichaka, na kipande cha kuuawa kwake kilikatwa. Mwaka 1921 kampuni ya Kohinoor ikatoa Bhakta Vidur. Vidur ni mshauri mwadilifu katika Mahabharata, lakini kwenye filamu alivaa kofia ya Gandhi na shati la khadi, kitambaa kilichosokotwa na kufumwa kwa mkono. Wakaguzi wa Karachi na Madras hawakudanganyika, wakaizuia.

Sheria ya sinema ya mwaka 1918 iliwapa wakaguzi mkasi. Mtu aliyetaka kusema jambo juu ya mtawala dhalimu alikuwa na njia moja iliyo salama kidogo, yaani kumvisha dhalimu huyo taji la miaka elfu mbili iliyopita. Mshairi wa Kiswahili anayefumba anaielewa njia hii bila kufundishwa.

#13 · Mchapaji_wa_Mombasa
Wakili, nakuheshimu, ila tarehe zinakukataa. Sheria ni ya 1918 na Phalke alianza 1913. Mkasi haukuwapo alipomchagua Harishchandra.

#14 · Wakili_Mstaafu
Mkasi wa sinema haukuwapo, lakini wa michezo ulikuwapo, na mfano wa 1910 nimeutoa. Tena, harakati za swadeshi za kununua cha nyumbani zilikuwa zimepamba moto tangu Bengal ilipogawanywa mwaka 1905. Phalke mwenyewe aliihesabu kazi yake kuwa ni swadeshi.

#15 · Nyumba_ya_Mawe
Habari zenu. Naandika kutoka Unguja, na kwa upande wa mama yangu sisi ni Wahindu wa Kigujarati. Nimewasoma kwa furaha, lakini neno moja limenichoma kidogo. Mnasema "kisakale", mnasema "ngano". Kwa bibi yangu, Rama hakuwa mhusika wa ngano. Nilipokuwa na miaka minane alinipeleka nyumba ya jirani kutazama filamu ya dini, yenye sauti, kwenye televisheni ndogo. Kabla ya kuwasha alivua ndara zake akaziweka nje ya mlango, na Rama alipotokea alikutanisha viganja akainamisha kichwa. Mimi nilicheka, naye akanibana kidole bila kuondoa macho kwenye kioo.

Miaka mingi baadaye nilisoma kwamba watu walifanya vivyo hivyo mwaka 1917 mbele ya Lanka Dahan, Rama alipotokea wakavua viatu. Ndipo nilipoelewa kwamba hawakwenda kusimuliwa kisa bali kumwona Mungu, na kwetu kumwona huko kuna jina lake, darshan, na ni ibada kamili. Mwalimu anauliza kwa nini watu walipie kisa wanachokijua. Mbona mtu haachi kwenda hekaluni kwa sababu aliwahi kwenda?

#16 · Mama_Swaumu
Mwanangu wa Unguja, tusamehe kwa neno hilo. Umeeleza vizuri mno.

#17 · Mwalimu_wa_Ngamiani
Naungana na Mama. Neno nilitumia kwa maana ya darasani, na nakiri halikutosha. Lakini naona hoja yako na yangu zinakaa pamoja, kwa kuwa ibada nayo inahitaji mtu anayejua anachokitazama.

#18 · Kiini_Macho
Mwalimu hataki kuliachia dai lake! Mimi naja na jambo jepesi zaidi. Phalke alikuwa mwanamazingaombwe. Alifanya maonyesho akijiita Profesa Kelpha, ambalo ni jina lake limesomwa kinyumenyume. Kabla ya kupata fedha za filamu ya kwanza alipanda njegere chunguni, akaipiga picha kidogo kidogo siku hadi siku, kisha akawaonyesha watu mche unaochipuka na kupanda mbele ya macho yao kwa muda mfupi tu. Mtu mwenye ufundi huo atafanya nini na kisa cha karani anayedaiwa kodi ya nyumba? Anahitaji Hanuman, mungu mwenye umbo la nyani, anayeruka angani na kuuchoma mji wa Lanka kwa mkia, anahitaji mungu anayetokea ndani ya moshi. Visakale ndivyo visa pekee ambavyo mazingaombwe ndani yake hayahitaji kuombewa radhi.

#19 · Msafiri_wa_Bara
Nina mfano unaomtatiza Mwalimu. Prapancha Pash ya mwaka 1929, ya Himansu Rai na Mjerumani Franz Osten, imetoka kwenye habari ya Mahabharata ya mfalme anayepoteza kila kitu kwenye dado. Lakini ilitengenezwa pamoja na Wajerumani na Waingereza, ikalenga pia watazamaji wa Ulaya, watu ambao hawakumjua mfalme yule wala dado zake. Kadhalika Prem Sanyas ya 1925 juu ya Buddha. Kama kisa cha jadi kilichaguliwa kwa sababu hadhira inakijua, hapa kilichaguliwa kwa sababu gani?

#20 · Bint_Hamisi
Labda kwa tembo na majumba ya wafalme. Nimeitazama hiyo ya dado, na macho yangu yalishindwa kutoka kwenye msafara wa tembo.

#21 · Santuri_ya_Bibi
Mniruhusu niseme moja la kwetu: Siti binti Saad alikwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi santuri zake, na wakati huo filamu za India zilikuwa bado bubu. Ya kwanza yenye sauti, Alam Ara, ilitoka tarehe 14 Machi 1931. Sauti ya Mswahili ilinaswa mjini mule kabla sinema ya mji huo haijasema.

#22 · Kalamu_ya_Kisutu
Umenifurahisha, Santuri. Turudi kwenye mada. Mwalimu, nakutahadharisha: huenda ulichokitazama si cha 1913. Phalke aliitengeneza upya filamu ile mwaka 1917, na wapo wataalamu wanaosema vipande vilivyohifadhiwa Pune ni vya toleo hilo la pili. Filamu za wakati ule zilikuwa za nitreti, zinashika moto upesi, na nyingine ziliharibiwa ili kutoa madini ya fedha yaliyomo. Kati ya filamu bubu zaidi ya elfu moja zilizotengenezwa India, zilizobaki ni chache mno, na nyingi kati ya hizo ni vipande vipande. Tunajenga hoja zetu juu ya makombo.

#23 · Mwalimu_wa_Ngamiani
Nashukuru kwa tahadhari. Basi niseme: nilitazama mikono ya Taramati, awe ni wa 1913 au wa 1917. Baada ya mchango wa Mama Swaumu nilirudia tena, na safari hii nilimwona mpishi wa hoteli anayemshika mtoto begani kwa uangalifu, kama mtu aliyezoea kubeba sufuria ya moto.

#24 · Nyumba_ya_Mawe
Kabla sijalala, niwaachie jambo ambalo hakuna maelezo humu yanayonitosha juu yake. Tazameni mwanzo wa Kaliya Mardan ya 1919. Krishna mtoto ameigizwa na Mandakini, binti wa Phalke mwenyewe, mwenye miaka saba. Filamu haianzi na Krishna. Inaanza na uso wa Mandakini peke yake: anacheka, anakasirika, anahuzunika, na maandishi yanatueleza kwamba huyu ni msichana wa miaka saba anayeonyesha hisia usoni. Kisha taratibu sura yake inayeyuka, na mahali pake anakaa Krishna mwenye vazi na taji, yuleyule atakayecheza juu ya kichwa cha nyoka mtoni. Ikiwa watu walikwenda kumwona Mungu, kwa nini baba yake alitaka kwanza wamwone mtoto?

#25 · Mama_Swaumu
Na Saraswatibai alikuwa amekaa upande gani wa kamera siku hiyo?